Orodha Niliyoiandika kwa Mkono Wangu

Rafiki yangu, wewe ninakuamini, ndiyo maana nakuandikia jambo ambalo padre wetu amenisihi mara nyingi niliache. Vuta kigoda, kaa, usome. Sitakuficha: kuna mtu mmoja pale Katesh sijamsamehe. Jioni nikisali, nikifika mahali pa kuwaombea walionikosea, ninamruka. Mungu ananiona nikimruka. Bado hajaniuliza.

Wakati huo nilikuwa mama kijana, na mtoto mmoja mgongoni. Nilizaliwa Gitting, kwenye maharage na baridi ya mlima. Mume wangu alikwenda Mirerani kuchimba mawe. Barua ya kwanza ilikuja, ya pili haikuja. Nikashuka Katesh na sufuria moja, nikaanza kuuza uji stendi.

Jirani yangu pale stendi alikuwa bibi mmoja wa Kibarbaig, mjane, anauza maziwa ya mgando kwenye kibuyu. Sisi Wairaqw na wao tuna historia ya kuibiana ng'ombe, basi siku ya kwanza kila mmoja alimtazama mwenzake kwa pembeni. Siku ya pili akaniambia, kwa Kiswahili chake cha kukatakata na kwa jina wanalotuitia Wairaqw, "Wewe Mmbulu, uji yako nyepesi kama maji ya kuoshea miguu."

Nikamjibu, "Shikamoo bibi. Na maziwa yako yananuka moshi."

"Marahaba. Hiyo moshi ndiyo dawa. Lete mtoto."

Maziwa yangu yalikuwa yamekauka kwa mawazo, mtoto alikuwa amebaki macho tu. Yule bibi akamnywesha kikombe chake, na kesho yake tena, na keshokutwa, bila kutaka kitu. Mtoto akanenepa. Leo ana watoto wake. Hicho ndicho kilichokuwa kati yangu na yule bibi, na ndiyo sababu ya yote yaliyofuata.

Sasa huyo mtu wangu. Zamani alikuwa karani wa ushirika. Ushirika ulipokufa, yeye hakufa. Biashara zilipofunguliwa, akanunua lori. Tukamwona anapita Endasak na Gitting wakati wa mavuno, ananunua mahindi kwa bei anayotaka yeye, na mnadani ananunua ng'ombe. Mtu mkubwa. Parokiani wakamfanya mwenyekiti wa kamati ya msaada, kwa sababu viti vya mbele huwa vya wenye magari.

Mwaka uliofuata mvua zilikataa, ukaja msaada wa mahindi ya njano na mafuta. Kamati ikatafuta mtu wa kuandika wasiojiweza wa mjini. Mimi nilikuwa nimetoka darasa la watu wazima, lile la jioni kwenye ukumbi wa parokia. Nilijifunza kuandika huku mtoto amelala mapajani. Mwandiko wangu mwalimu aliusifu mbele ya wote.

Mwenyekiti akaniita dukani kwake. "Mama, wewe una mkono mzuri. Zunguka, waandike wote. Lakini usiniandikie majina matupu. Andika analala wapi, anauza wapi, saa ngapi anapatikana. Nataka msaada umfikie mlangoni."

Na hapo ndipo nilipokosea kosa la kwetu. Kwetu jina la mtu siyo kitu. Tukisalimiana tunaulizana umetoka wapi, ng'ombe wanakunywa maji wapi, mlango wako unatazama upande gani. Bila hayo humjui mtu, umesikia sauti tu. Kwa hiyo niliandika kwa heshima. Niliandika: huyu analala nyuma ya mashine ya kusaga, mlango wa bati, asubuhi yupo. Huyu anauza nyanya, mlango wa pili wa soko, mguu mmoja mbovu. Bibi wa maziwa nilimwandika mistari minne, kwa sababu nilimpenda. Nikaeleza mpaka kichochoro cha kwake na mbwa wake asiyebweka.

Jina langu sikuliandika. Nilikuwa maskini kuliko nusu ya wale, ila niliona aibu. Mwandishi anajiandikaje?

Siku ya kugawa waliwapanga mstari mbele ya kanisa. Mpiga picha akaja. Kila aliyepokea debe lake alipigiwa makofi. Bibi akaninong'oneza, "Wanapiga makofi kwa nini? Mimi nimeshinda nini?" Nikacheka mpaka mwenyekiti akanitazama.

Muda si mrefu tukaambiwa tumekatwa kutoka Arusha, tuna mkoa wetu, Manyara. Watu walifurahi, mimi pia nilifurahi. Halafu ikasemwa mgeni mkubwa wa mkoa mpya atapita Katesh, mji uwe safi. Tukafagia. Sisi tulidhani usafi ni kufagia.

Mgambo walikuja asubuhi, uji wangu ukiwa ndiyo kwanza unachemka. Lori nililijua, ni lile la mahindi. Mkubwa wao alikuwa ameshika karatasi. Akanifikia mimi kwanza.

"Jina?"

Nikamtajia. Akapitisha kidole kutoka juu mpaka chini, akageuza, akapitisha tena. "Huyu hayumo." Akanivuka.

Nikaona karatasi. Rafiki yangu, mtu anaujua mwandiko wake kama mtoto wake. Ile "m" yangu yenye mkia mrefu ilikuwa inaniangalia.

Akamfikia bibi. "Wewe wa kibuyu, umo. Panda."

"Napanda wapi? Mimi nauza maziwa."

"Wewe ni mzururaji. Umeandikwa huna uwezo. Mtu asiye na uwezo anakaa kwao."

"Kwetu ni hapa. Mume wangu alizikwa hapa kabla hujaota meno."

Wakacheka. Mmoja akavuta kibuyu, bibi akashikilia. Kibuyu kile mama yake alimpa siku anaolewa. Wakavutana, rungu likashuka, nikasikia mkono wake ukivunjika kama kuni kavu. Kibuyu kikapasuka, maziwa yakaingia kwenye vumbi. Hakulia. Aliyatazama maziwa, akamtazama yule mgambo, akamwambia neno moja kwa Kibarbaig ambalo siwezi kuliandika.

Wakambeba. Wakapita na kwa mzee wa mguu mbovu, na nyuma ya mashine ya kusaga, mlango wa bati. Hawakuuliza njia kwa mtu yeyote. Wakawapeleka njia ya Singida, wakawashusha porini kama magunia. Mimi nilibaki nimeshika mwiko, mzima kabisa, kwa sababu ya aibu yangu ya kutojiandika.

Nikaenda dukani mbio. Heshima ni heshima, nikaanza na shikamoo.

"Marahaba, mama. Mbona unahema?"

"Karatasi yangu imefikaje kwa mgambo?"

Hata hakushtuka. "Ofisi waliniomba. Wewe unafikiri tunawalisha watu ili wazurure stendi? Mtu akipokea chakula cha watu, watu wanataka kujua yuko wapi. Ni utaratibu."

"Wamemvunja bibi mkono."

"Angepanda asingevunjwa. Na wewe ungekuwa na akili ungenyamaza, ungeshukuru. Jina lako halimo." Akatabasamu. "Bado."

Nikakumbuka bibi yangu mzaa mama alivyonisimulia wakati wa mkoloni. Aliyepokea blanketi misheni, mwezi ukiisha askari wa kodi alijua nyumba ya kupiga hodi. Nilipokuwa mtoto nilidhani ni hadithi ya kututisha tusiombeombe. Na kumbe hata baada ya uhuru, miaka ya kukamata wasio na kazi mijini, aliyekamatwa wa kwanza ni yule aliyeonekana akipanga foleni ya unga. Mkono unaokupa na mkono unaokukamata imetoka bega moja. Nilichelewa kulijua hilo, nikalijua kwa mwandiko wangu mwenyewe.

Nikatoka dukani bila kuaga. Tangu siku hiyo mwenyekiti hajapata shikamoo yangu. Kwetu hilo siyo dogo. Nikipishana naye ninamtazama usoni, nafunga mdomo, napita. Watu wanaona. Yeye anaona zaidi.

Siku ya tatu nilifunga mtoto mgongoni, nikatembea njia ya Singida nikimuulizia bibi. Nilimkuta bondeni, kwenye boma la kaka yake, mkono umefungwa kwa vijiti na ngozi. Na hakuwa peke yake. Wanawake wa Kibarbaig walikuwa wamejaa pale, wazee kwa vijana, na sketi zao za ngozi, kila mmoja na fimbo. Nilikuwa nimesikia habari ya hicho kikao, sijawahi kukiona. Mwanamume akimtendea mwanamke jambo la kuvunja heshima ya uzazi, na kumpiga mama ni mojawapo, wanawake wanaketi wenyewe, wanahukumu wenyewe. Wanaume hawasogei. Faini ni fahali mweusi. Asipotoa, analaaniwa, na hakuna anayekula naye.

Kibarbaig cha sokoni nilikielewa. Walikuwa wanauliza jambo moja tu: walimjuaje? Waliujuaje mlango wake?

Nikinyamaza, hukumu inaishia kwa mgambo mwenye rungu, kijana aliyetumwa, na mwenyekiti anaendelea kuketi kiti cha mbele. Nikisema, nimejitia mwenyewe kwenye hukumu, mgeni, Mmbulu, katikati ya fimbo zile. Nilisali sala fupi sana. Nikasimama.

"Niliandika mimi. Kwa mkono huu. Aliyenituma ni mwenyekiti, na yeye ndiye aliyewapa."

Bibi akanigeukia.

"Uliandika na mbwa wangu?"

"Niliandika."

"Mbwa amekukosea nini?"

Mwanamke mmoja akacheka, akajizuia. Halafu wakamhukumu mwenyekiti fahali mweusi, na mimi wakanihukumu, bila hasira na bila huruma: kibuyu kikubwa cha asali, na kutoa ushahidi mbele ya mlango wa mwenyekiti. Kaka yangu Gitting alikuwa na mizinga mlimani. Nikapanda, nikashuka na asali kichwani. Wakaionja, wakanishikisha fimbo kama mmoja wao.

Tukaingia Katesh mchana kweupe, tukaketi mbele ya duka lake. Niliyasema yote kwa sauti, Kiswahili na Kiiraqw, kila aliyepita asikie. Wao wakaimba. Nyimbo zile zilimtaja yeye, baba yake, na vitu vya mwilini mwake ambavyo nisingependa mama mkwe avisikie. Mimi mtu wa kwaya niliitikia.

Akatoka mlangoni akipiga kelele, akiwaita Wabarbaig kwa jina lile la kuwadharau, "Mimi siyo Mmang'ati! Mila zenu hazinihusu!"

Bibi mmoja akamjibu taratibu, "Lakini ng'ombe zetu zinakuhusu."

Siku ya pili akaita polisi. Wakaja wawili. Mmoja akapunga kirungu, mwenzake akakishika, akavua kofia, akainama. "Shikamooni, mama zangu."

"Marahaba. Wewe mtoto wa nani?"

Akataja. Mama mmoja katikati yetu akasema, "Huyo wangu. Amekonda. Keti chini."

Akaketi! Afande na buti zake, kwenye vumbi. Mwenyekiti akafoka, "Wakamate!" Yule askari akasema, "Mzee, mama yangu huyo hapo. Anza wewe kumshika, mimi nitafuata."

Ukaja mnada. Hakuna Mbarbaig aliyemuuzia hata ndama. Wanawake wetu wa Kiiraqw nao, walioona bei yake ya mahindi miaka yote, wakapeleka magunia kwa wengine. Lori likasimama. Mke wake akaanza kutuletea maji ya kunywa kwa mlango wa nyuma, anatunong'oneza, "Kazeni hapohapo."

Akatoa fahali mwekundu. Wakamkataa. Akatoa mweusi mwenye baka jeupe tumboni. Wanawake wazee wakapiga magoti wakalichungulia tumbo, wakamkataa. Wa tatu alikuwa mweusi kama chungu. Wakamchinja palepale, na nyama ile ni ya wanawake tu.

Bibi alikata kipande cha mbavu kwa mkono wake mzima, akanipa. Mwenyekiti alikuwa dirishani. Nikageuza kigoda nikamkabili. Nilitafuna polepole, rafiki yangu. Sijawahi kula kitu kitamu kama kile, na nimekula Pasaka nyingi.

Mnada uliofuata bibi alirudi stendi, mkono umepinda, kibuyu kipya. Mgambo walipita upande wa pili wa barabara. Aliuza pale mpaka alipofariki. Yule mzee wa mguu mbovu hakurudi. Aliyemwona alisema alifia njiani kabla ya kufika kwa watu wake, na fahali wa kifo chake hakuna aliyemtoa. Hapo ndipo hasira yangu inapokaa.

Padre ananiuliza kwenye kitubio, "Unajuta, mama?" Kwa kuandika, najuta kila siku. Kwa ile nyama, hapana. Ananiambia nirudi nikiwa tayari. Narudi kila mwezi, namwambia bado.

Mwenyekiti yuko hai. Amezeeka, macho yamepofuka, wajukuu ndio wanaomsomea. Kwa hiyo nakuomba: ukimaliza kuisoma barua hii, usiifungie kabatini. Mpe wa jirani, naye ampe wa kwake, wa Nangwa, wa Endasak, wa Mbulu. Anayekuja na daftari kuuliza maskini wanalala wapi, mwulizeni kwanza nani mwingine atalisoma. Na msichoke kuipitisha mpaka ifike kwenye ile nyumba, mjukuu mmoja aishike, amsomee babu yake kwa sauti, polepole, bila kuruka mstari.