Jalala lenye mlinzi

Leo nimewaonea wivu watu wanaookota jalalani.

Ni wa kwenye riwaya tu. Tunaisoma kwenye kikundi chetu cha wasomaji, hapa mtaani Kambarage. Binti mmoja akafuta machozi, akasema, "Hakuna maskini kama hawa."

Nikajikuta nacheka. Wote wakanigeukia.

Jamani, wale angalau walikuwa na jalala.

Sisi miaka ya themanini, maduka matupu, tuliishi nje ya uzio wa mgodi wa almasi. Takataka za wakubwa zilichomwa chini ya ulinzi, watu wasije wakatoroshea almasi humo.

Mlinzi alikuwa mjomba wangu.

Siku moja ilitupwa mikate mizima, imeota ukungu kidogo tu. Mama akashika waya wa uzio. "Kaka, nirushie mmoja. Watoto hawajala tangu jana."

Mjomba hakututazama. "Dada, rudi nyumbani. Na mimi nachungwa. Nikirusha kitu, watasema ni almasi."

Akamwaga mafuta ya taa, akawasha kiberiti.

Hatukuondoka mpaka moto ulipozimika.

Nimewasimulia hivyo hivyo. Yule binti akauliza, "Sasa mlibaki mnangoja nini?"

Nyie mngemjibu nini? Mimi nimeshindwa kumwambia kwamba mkate ukiungua unanukia vizuri.