Glasi Isiyo ya Wageni

Juzi, kwenye kaunta ya kutuma mizigo pale Al Baraha, huku Uarabuni, mbele yangu alisimama dada wa Kitanzania akiwa amekumbatia kitu alichokizungushia kanga mbili. Karani, Mkenya, alimwomba akifungue. Ikatoka glasi moja, imepakwa dhahabu toka mdomoni hadi kitakoni.

"Hii umeitoa wapi, dada?"

"Madam wangu anazikusanya, hizi na machupa yake. Kabati zima. Miaka saba nazifuta vumbi, sijaona mtu akizinywea. Hii mwenzake ilivunjika, akasema khalas, basi, moja haina kazi kabatini, chukua."

"Na unamtumia nani?"

"Mama. Anaumwa. Dawa anamezea maji ya kikombe cha plastiki, na kabati lake limejaa glasi nzuri. Toka nizaliwe anasema ni za wageni."

Karani aliitia kwenye boksi, akachukua kalamu nene ili aandike juu yake kwamba ndani kuna kitu cha kuvunjika. Dada akaweka kiganja juu ya boksi, taratibu.

"Hilo wataliona wenyewe. Andika: si ya wageni."

Akaandika, kwa herufi kubwa. Foleni nzima hakuna aliyecheka. Kabati hilo la glasi za wageni sote tumekua nalo.

Njiani nilimsikitikia yule madam na dhahabu yake. Nilipofika kwangu nikafungua kabati. Glasi sita za harusi yetu bado zina vibandiko vya bei vya dukani. Nikazifuta vumbi, nikazirudisha, nikanywa maji kwa kikombe cha plastiki.