Medali ya Baba Kifuani kwa Binamu

Baba alikuwa mpiga makasia, na mpaka leo ukisema hivyo huku Matombo watu wanacheka, maana milima yetu ina migomba na mikarafuu, ziwa hakuna. Ujana wake aliumalizia Dar es Salaam, na huko ndiko alikofunzwa. Walikwenda nchi za nje wanaume wanne katika mashua moja nyembamba, wakarudi na medali za shaba. Wenzake watatu walimtangulia mbele ya haki. Medali yake ilining'inia msumarini sebuleni kwetu, utepe umeshika rangi ya moshi.

Mimi alinifundisha nchi kavu. Alinikalisha juu ya gogo la mgomba, akanipa mianzi miwili, akasimama pembeni akifoka: "Sukuma kwa miguu! Mikono itafuata." Akanieleza kwamba mpiga makasia huupa mgongo mwisho wa mbio, anachokiona ni kule alikotoka na wale aliowaacha. Majirani walituona wehu. Mimi nilijiona mfalme.

Alipofariki, nilichotaka ni medali ile tu. Shamba nilijua si langu. Kwetu Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na cha mwanamume huenda kwa watoto wa dada zake. Siku ya kumaliza msiba, shangazi alimkalisha mwanawe mkekani, wazee wakamrithisha jina la baba. Akishapewa jina, huyo ndiye baba. Binamu yangu huyo hata kijito cha kuloanisha magoti huvuka akiwa ameshikwa mkono. Kisha shangazi akaingia sebuleni, akaitungua medali.

"Shangazi, hiyo niachie mimi."

"Nikuachie kama nani? Mwenyewe si huyu hapa amekaa? Hebu mwamkie baba yako."

Nikamwamkia. Nilimchukia kwa moyo wangu wote, na namchukia bado.

Mwaka huu ikapigwa simu kijijini kutoka mjini: wanaume waliowahi kuleta medali za makasia wanatafutwa wapewe heshima. Mpigaji akataja jina la baba, akauliza kama bado yupo. Mwenyekiti wa kijiji akajibu yupo, mzima wa afya. Hakudanganya, kwa mila zetu yupo kweli. Mimi nikaambiwa nimsindikize.

Ukumbini Morogoro walimsifu kwa jinsi alivyojitunza, mzee haonyeshi umri. Akapanda jukwaani, medali kifuani, akapewa maikrofoni. Baba alichumia juani, na aliyekaa kivulini akala alikuwa huyu.

"Nikauona mwisho wa mbio ule pale mbele yangu, unakuja," akasema. "Nikasema leo hawanipati. Nikavuta!"

Ukumbi mzima ukapiga makofi. Hakuna hata mmoja mle aliyewahi kushika kasia. Nilikuwa kwenye benchi la nyuma, na nikagundua miguu yangu inasukuma sakafu kwa nguvu zote. Nilitaka kupiga kelele. Ningesema nini? Kwamba huyu si baba yangu? Matombo ingenicheka kuliko ilivyowahi kutucheka na gogo letu.

Mpiga picha akatuita, akauliza mimi ni nani.

"Mwanangu huyo," binamu akamjibu. "Ila yeye maji anayaogopa."

Watu wakacheka. Nikasogea, nikasimama kando yake, nikapigwa picha.