Mshono wa Chini ya Gunia

Mimi hushona midomo ya magunia ya viazi, na hushona kwa mkono wa kushoto. Ukiona mshono umelalia kushoto, jua nimepita hapo. Nimeshona magunia ya kutosha kulifukia Ziwa Nakuru na mengine yakabaki ya Naivasha. Majigambo ya namna hiyo niliyatoa hata mahakamani, na hapo ndipo shida ilianzia.

Dereva wetu, shemasi mwenye pikapu kuukuu, alitoka stoo yetu ya Nakuru saa mbili asubuhi na magunia kumi na moja ya kupeleka Nairobi. Saa nne polisi wakamsimamisha njiani, pale Lanet. Chini kabisa ya gunia moja, viazi vikiwa juu, wakatoa bangi iliyofungwa kwa nailoni. Kutoka kwetu hadi Lanet ni dakika ishirini, hata ukiendesha kama shemasi. Alisema alikuwa ameenda kuziba pancha. Kwa fundi gani? Hakukumbuka.

Akawekwa rumande, nasi huku stoo tukaanza kutazamana. Jioni tajiri wetu, mwenye stoo, akahesabu sindano zetu, jambo ambalo hajawahi kufanya. Mimi nikakumbuka viatu vipya vya shemasi, nikajiuliza pesa alizitoa wapi. Kisha nikakumbuka kwamba gunia lile nililifunga mimi.

Kesi ilikuwa ya kusafirisha dawa za kulevya, kosa linaloweza kumfanya mtu azeekee gerezani. Wakili wa shemasi alinieleza nje ya mahakama: "Kupatikana na mzigo hakutoshi, mzee. Lazima wathibitishe alijua kilichomo."

Niliitwa kutoa ushahidi. Nilivaa suti niliyopokelea cheti changu cha shule ya usiku, nikiwa na miaka arobaini na mitatu. Mwendesha mashtaka, mama wa sauti ya chini, akaniletea lile gunia.

"Mshono huu wa mdomoni ni wako?"

"Wangu kabisa. Haujaguswa."

"Na huu wa chini?"

Ulikuwa umelalia kulia. Nikashusha pumzi. "Huo si wangu! Sisi chini hatugusi, gunia hutoka kiwandani likiwa limeshonwa. Nimeshona milioni, sijawahi kuona kitu kama hicho."

"Kwa hivyo lilifunguliwa chini baada ya kutoka mikononi mwako?"

"Lazima!"

Shemasi akaniangalia, kisha akaangalia sakafu.

Hakimu akaahirisha kesi. Jumatatu nikarudi kazini nikiwa mwepesi kama unyoya. Lori la viazi kutoka Molo lilikuwa limechelewa, na mama mmoja muuza chipsi, amechoka kungoja viazi vyake, akachukua sindano akaanza kuziba tobo kwenye kitako cha gunia kuukuu. Kwa mkono wa kulia. Hakuna aliyemtuma. Kwetu anayengoja mzigo hushika sindano, awe mteja, hamali au dereva. Nilikuwa nimeiona desturi hiyo kila siku mpaka nikaacha kuiona.

Nikapekua rundo la magunia matupu. Karibu yote yalikuwa na viraka chini, na mishono yake imelalia kulia.

Nikampigia simu wakili wa shemasi. Akaomba niitwe tena.

"Mheshimiwa," nikasema, "nilitia chumvi."

Hakimu akavua miwani. "Umeshona magunia milioni?"

"Labda mia mbili kwa wiki. Yakiwa mengi."

"Na mshono wa chini?"

"Ni wa yeyote. Huenda ulikuwepo kabla ya viazi kuingia."

Mwendesha mashtaka akasimama. "Hata wa mshtakiwa?"

"Hata wake. Hushona akingoja."

"Na wa tajiri wako?"

Tajiri alikuwa ameketi nyuma. Nilihisi macho yake kisogoni.

"Hata wake."

Siku ya hukumu hakimu alisema bangi ilithibitishwa kuwa bangi, na safari ilithibitishwa, lakini haikuthibitishwa pasi na shaka kwamba shemasi alijua alichobeba. "Ningekupata na hatia," akamwambia, "ungekaa miaka mingi bila kuona barabara." Akamwachilia.

Shemasi amerudi kuchukua mizigo. "Sasa, boss," hunisalimia. Bado hajamkumbuka yule fundi wa pancha. Akingoja hukaa juu ya magunia, mikono mapajani, sindano haigusi tena. Lakini kabla sijafunga mdomo wa gunia, huja akatumbukiza mkono ndani ya viazi mpaka kwapani, akipapasa hadi chini. Nami humngoja amalize, huku nikitazama viatu vyake.