Dakika Tatu za Mama

Krrrr, kama panzi aliyefungiwa kwenye kasha la kiberiti. Ndivyo kamera ilivyolia nilipoitia ufunguo na kuiachia. Mama akacheka mpaka ungo ukayumba mkononi.

"Hilo linasaga au linapiga picha?"

"Linapiga, mama. We pepeta tu."

"Nipepete bila kuimba? Watu wataona nimenuna."

"Imba, lakini sauti halichukui."

"Basi limekosa," akasema, akaimba hivyo hivyo.

Nilikuwa nimemaliza darasa la saba, nikapata kazi ya usaidizi kwenye gari la sinema, lile lililozunguka vijiji vya ujamaa kuonyesha filamu za mbolea na uchimbaji wa vyoo. Fundi wetu, mzee mpole, alinipa vipande vya mkanda vilivyokatika. Nilivikwaruza kwa sindano, nikavipaka wino, tukavipitisha kwenye projekta. Mistari ikacheza ukutani, nukta zikaruka kama mbegu. Wenzangu walisema nachezea mali ya umma. Mimi nilijiona nimeshafika mbali.

Siku moja fundi akanipa mkanda mpya uliobaki, akaniazima na kamera yake. "Dakika tatu hizo, binti. Usimalizie kwa kuku." Nikapanda nao hadi kijijini Sepuka kwa mama, ambaye hakuwahi kupigwa picha hata moja.

Kabla mkanda haujasafishwa, homa ikamchukua. Tulipotoka matanga, fundi alitaka tuupeleke Dar es Salaam. Nikakataa. Alishanifundisha kusafisha vipande vifupi kwa dawa, ndani ya stoo yenye giza, na sikutaka mama ashikwe na mikono ya watu nisiowajua.

Ukatoka vizuri. Niliuinua dirishani nikamwona, mdogo kama punje, kila kitu kimegeuka: uso wake mweupe, kanga yake nyeupe imekuwa nyeusi, mdomo wazi katikati ya wimbo. Nikamwamkia, "Shikamoo mama," nikacheka peke yangu kama mwehu.

Ilibaki kuusuuza. Fundi alisema maji yawe mengi, na bomba la mtaa lilikuwa kavu tangu juzi. Nikachota ndoo ziwani, Singidani. Nilijua yana chumvi, nani Singida asiyejua? Lakini nikawaza, samaki tunamtia chumvi asioze, basi na mama itamtunza. Nikauzamisha mkanda, ndoo nikaiacha juani, nikaenda kuchemsha chai.

Niliporudi nikauvuta, ukaja mtupu kama kioo. Picha zilikuwa zimebanduka, zinaelea kama utando wa maziwa. Nilipojaribu kuuokota, ukasagika vidoleni.

Fundi alikuja akatazama, wala hakunigombeza.

"Maji yale yanakula, binti. Ungeniuliza."

"Nilidhani yanatunza."

Akakaa kizingitini kwa muda, kofia mkononi, kisha akaenda zake.

Jioni mpangaji mwenzangu akagonga. "Dada, hayo maji machafu mwaga mtaroni, naomba ndoo nikafulie."

Nikamwambia angoje kidogo. Nikaibeba mpaka nyuma ya jiko, ambako hapakuwa na mtu. Nikachimba kishimo kwa jembe, nikayamwaga polepole ili yasiruke, nikasubiri ardhi inywe. Kisha nikafukia kwa mikono, nikaupigapiga udongo kwa kiganja mpaka ukawa sawa.