Kombe la Tisa

Kila siku ya soko pale Mukuyuni, kazi yangu ya kwanza ilikuwa kuhesabu makombe. Yalipangwa kwenye rafu ya duka la mlezi wa timu yetu, juu ya mikebe ya mafuta ya kupikia. Mimi, katibu wa timu, niliyahesabu kwa sauti ili wateja waliotoka Kasikeu wasikie. Manane. Wao nao walikuwa na manane, na jambo hilo lilinikera kama kijiwe ndani ya kiatu.

Nahodha wa Kasikeu alikuwa rafiki yangu. Tulisoma dawati moja. Akija sokoni aliniuliza, "Katibu, bado mnapangusa vumbi tu?" Nami nilimjibu kwamba kwao hata vumbi limekosa pa kukaa. Kisha tukanywa chai.

Mwaka ule mvua ya Novemba ilipokosa kunyesha, fainali kati yetu haikuchezwa. Vijana walikuwa kwenye foleni ya mahindi ya msaada. Nani angekimbia dakika tisini kwa kikombe cha uji? Mzee wa kanisa aliyetoa kombe alituita mimi na nahodha, wawili tu. Akasema hawezi kutafuta mshindi kati ya watu wenye njaa. Tukae nalo kwa zamu, Mukuyuni miezi sita, Kasikeu miezi sita, wala lisihesabiwe upande wowote. Tukaomba, tukapeana mikono. Hakuna aliyeandika kitu. Kwetu, jambo likishafungwa kwa maombi, kulitia kwenye karatasi ni kumtukana mzee.

Zamu ya kwanza ilikuwa yetu. Nikaliweka mwisho wa safu. Siku ya soko nikaanza kuhesabu kama kawaida, na nilipofika nane ulimi haukusimama. Tisa! Duka zima likapiga makofi. Ningeweza kusema nimeteleza. Sikusema, kwa sababu makofi yale yalikuwa matamu, na naona aibu kuyaandika hata leo.

Mzee alifariki kabla ya miezi sita kwisha. Nahodha alipokuja kuchukua kombe, alinikuta dukani na watu wangu wote. Nikamwambia mbele yao kwamba sijui habari ya zamu.

"Katibu, si tuliomba pamoja?"

Nikachukua kitambaa, nikapangusa kaunta.

Kumbe alikuwa ameshawaahidi watu wake kwamba anarudi nalo. Aliporudi mikono mitupu, wakasema ameliuza kwetu Mukuyuni. Mkutano ukaitishwa baada ya ibada, naye akanitumia ujumbe: nije niseme ukweli, hata kwa sentensi moja. Siku hiyo nilishinda shambani nikipalilia mahali ambapo hapakuwa na magugu. Nilijiambia kwamba ni mpira tu, na mpira hauishi maneno. Baadaye nilisikia kwamba baba yake mwenyewe ndiye aliyesimama akataka avuliwe unahodha, maana hakutaka kuonekana anamtetea mwizi wa nyumbani kwake. Mwaka huohuo rafiki yangu alihamia Ikutha, akaanza biashara ya ng'ombe.

Sikumtafuta. Nilihesabu tisa kwa miaka mingi, na kila nilipoifikia hiyo tisa niliitamka haraka. Mwishowe timu zote mbili zikafa, duka likafungwa, na makombe yakagawanywa kama vyombo vya marehemu. Nilichukua lile moja, nikalifunga kwa gazeti, nikaenda Ikutha.

Nilimkuta mnadani, fimbo mkononi, kichwa kimejaa mvi. Alinisalimu kwa furaha, akauliza hali ya watoto wangu, na wema huo uliniumiza kuliko matusi. Nikafungua gazeti.

"Nilidanganya," nikasema. "Nisamehe."

"Hiyo nilikusamehea zamani, Katibu. Mtu hawezi omba Mungu na kitu kama hiyo kwa roho."

Nikamwekea kombe mikononi. Aliligeuza, akasoma maandishi yake, akanirudishia.

"Lakini mbona unakuja kuniambia mimi? Mimi si nilikuwa najua. Ni baba hakujua, na yeye tulimzika mwaka jana."