Siku Mjomba Alipokufa Mtoni

Juzi mjukuu wangu alinionyesha filamu ya zamani kwenye simu. Nilipomwona mjomba, kaka yake mama, akishuka mtoni pale Garsen, nilirudi siku ile ya utotoni.

Nilikuwa nimejificha kwenye matete, tope likinuka samaki. Wazungu waliomwajiri walikuwa na mashine ya miguu mitatu iliyokuwa ikinguruma. Mtu akamchoma mjomba mkuki, shati likalowa damu, ambayo leo najua ilikuwa rangi tu. Akaanguka majini, asiibuke. Wazungu wakapiga makofi. Makofi yale yalinitisha kuliko damu.

Nilikimbia hadi shambani. "Mama, wamemuua mjomba! Wanashangilia!"

Mama alitupa jembe, akashika kichwa, akalia kilio ambacho sijakisikia tena. Mjomba akatokea ameloa chepechepe, anacheka, kisha akamsikia dada yake, kicheko kikamkauka. Mimi nilimkimbia nikidhani ni mzimu.

Baadaye alitengeneza filamu zake mwenyewe. Waigizaji walinung'unika kwamba haridhiki na kilio chao, hata wakirudia mara kumi. Hawakujua kwamba alishawahi kumsikia dada yake akimlilia yeye.